Nyota ya Asubuhi Mbele ya Kamera

Tarehe 5 Mei 1964 kituo cha televisheni cha Granada nchini Uingereza kilirusha kipindi kisichofika saa moja, kilichoitwa Seven Up!. Watoto 14 wa umri wa miaka 7, wavulana 10 na wasichana 4, waliulizwa maoni yao kuhusu shule, pesa, ugomvi, mapenzi na watu wa rangi nyingine, kisha wakakusanywa pamoja kwenye bustani ya wanyama ya London. Mwongozaji alikuwa Mkanada, Paul Almond. Kijana aliyezunguka mashuleni kuwatafuta watoto hao alikuwa Michael Apted, ambaye baadaye aliushika usukani mwenyewe na kuwarudia kila baada ya miaka 7 hadi mwaka 2019, walipokuwa na miaka 63. Kipindi kile cha kwanza hakikuficha nia yake: mtazamaji aliahidiwa kuiona Uingereza ya mwaka 2000 katika nyuso za watoto, kiongozi wa wafanyakazi na mkurugenzi wa kampuni wakiwa bado wamevaa kaptura. Nguzo yake ilikuwa msemo unaohusishwa na mapadri Wajesuiti, kwamba anayepewa mtoto hadi atimize miaka 7 ameshampata mtu mzima. Kwetu msemo huo hauhitaji mkalimani. Tunasema nyota njema huonekana asubuhi, na tunasema samaki mkunje angali mbichi.

Methali hizo mbili hutajwa kwa pumzi moja kana kwamba ni pacha, lakini hazisemi neno moja. Ya samaki humwagiza mlezi afanye kazi yake mapema. Mzigo uko begani mwa mkubwa. Ya nyota humgeukia mtoto na kumsoma kama mganga asomavyo bao lake la ramli: alivyo leo ni habari ya atakavyokuwa kesho. Filamu nyingi za hali halisi kuhusu utoto zimejengwa juu ya hii ya pili, na ninachodai hapa ni kwamba huo ndio udhaifu wao mkubwa, hata zile zilizopewa sifa zinazostahili. Ushahidi ambao watengenezaji wenyewe wameukusanya kwa miongo mingi unaisuta methali ya nyota kuliko unavyoitetea. Na filamu iliyomtendea mtoto haki kuliko nyingine ninazozifahamu ni ile iliyokubali kukaa naye darasani kwa miezi bila kumdai kesho yake.

Niuweke kwanza mezani ushahidi unaonipinga, maana upo na una nguvu. Miongoni mwa wale 14 walikuwemo wavulana watatu wa shule ya gharama kubwa ya London. (Watoto hawa nawataja bila majina, ingawa majina yao yametapakaa kwenye intaneti, sababu itaonekana mbele.) Wakiwa wameketi kwenye sofa moja, miguu haifiki chini, walitaja magazeti wanayosoma, shule watakazokwenda baada ya pale, na vyuo watakavyomalizia. Wawili kati yao wakaja kusoma kweli Oxford na Cambridge, wakawa wanasheria. Mtazamaji wa 1964 alicheka. Yule wa 1977, aliyewaona wakiwa na miaka 21, hakucheka tena. Mzazi wa Dar es Salaam au Arusha anayepima ada ya shule ya mchepuo wa Kiingereza huku akiitazama shule ya serikali, kayumba, iliyo jirani na nyumba yake atakielewa kipande hicho bila kuelezwa historia ya matabaka ya Waingereza. Ikiwa utoto si utabiri, hawa waliyajuaje haya yote mapema namna hiyo?

Jibu la kwanza ni kwamba hawakutabiri, walikariri ratiba. Mtoto anayekuambia basi la saa mbili litamfikisha Morogoro saa sita hajaiona kesho, ameisoma tiketi. Kilichosemwa pale kwenye sofa kilikuwa habari ya wazazi, ya shule na ya hesabu za benki, wala hakikuwa siri iliyofichwa ndani ya kifua cha mtoto wa miaka 7. Jibu la pili linauma zaidi. Mmoja wa wale wanasheria wawili, akiwa mtu mzima kabisa, alilalamika mbele ya kamera ileile kwamba watazamaji walionyeshwa ngazi aliyoipanda wasionyeshwe vidato vyake. Baba yake alifariki yeye akiwa na miaka 9, mama yake akalazimika kufanya kazi ili alipe ada, na Oxford alisoma kwa ufadhili. Kwa miongo mingi filamu ilikuwa imesimulia kisa kilichonyooka kwa sababu kifo kile hakikuwa na nafasi katika hoja yake. Na yule wa tatu wa kwenye sofa hakupata nafasi Oxford, akasoma kwingine, na baada ya kuonekana akiwa na miaka 21 akajitoa. Kisha akaja kuwa mtengenezaji wa filamu za hali halisi. Mtu aliyeijua kazi ya kamera kwa pande zote mbili akaamua kwamba upande wa mbele haumfai!

Mfano unaonishawishi zaidi ni wa mvulana mwingine, mtoto wa mashariki mwa London, mwepesi wa miguu na wa ulimi, aliyetaka kuwa joki. Alijaribu, akapanda farasi mashindanoni mara chache, ikashindikana, akaanza kujifunza ramani ya jiji ili awe dereva wa teksi. Alipofikisha miaka 21 Apted alikuwa ameshamhukumu moyoni: huyu ataishia jela. Kwa hiyo akazunguka naye kwenye mitaa yenye sifa mbaya ya uhalifu, akampiga picha akiwa huko, ili siku atakapofungwa mkanda uwe tayari. Apted mwenyewe aliungama hadharani miaka mingi baadaye, na alistahili heshima kwa kuungama. Kijana akawa dereva wa teksi, akaoa, akalea watoto, akanunua nyumba. Tujiulize lakini ingekuwaje kama angeteleza mara moja tu. Picha zile za 1977 zingeingizwa kwenye filamu iliyofuata, na mamilioni ya watu wangetikisa vichwa wakisema dalili zilikuwepo tangu utotoni. Hakuna ambaye angeuliza nani alizipanda.

Hapa ndipo uchawi wa uhariri unapofanya kazi, na unafaa kuelezwa polepole. Mtoto wa miaka 7 akihojiwa siku nzima husema mambo mia moja yasiyopatana. Asubuhi anataka kuwa askari, mchana anataka kuwa simba, jioni anataka kwenda kulala. Mhariri wa 1964 anachagua machache kati ya hayo kwa sababu yanachekesha. Yule wa 1984 anarudi kwenye mikanda ileile akiwa sasa anajua mtoto yule amekuwa nani, na jicho lake linakwenda moja kwa moja kwenye sentensi inayofanana na mtu mzima aliye mbele yake. Sentensi tisini na tisa zinabaki gizani. Moja inarudiwa kila baada ya miaka 7 mpaka watazamaji wanaijua kwa moyo. Mbegu imechaguliwa na mtu aliyekwisha kula tunda. Wala hakuna haja ya hila wala uongo. Inatosha kuujua mwisho. Ndugu na jirani hufanya vivyo hivyo msibani wanaposimulia kwamba marehemu alikuwa mcha Mungu tangu akiwa mdogo, ila wao hawana kamera ya kuwathibitishia.

Ukitaka kupima nguvu ya uchawi huo, mtazame mtoto wa viunga vya Liverpool ambaye mwaka 1964 alikuwa mchangamfu kuliko wote. Alitaka kuwa mwanaanga, na isipowezekana, basi awe dereva wa basi la safari. Alipokuwa na miaka 21 alionekana akiishi kwenye nyumba aliyoingia bila kupangishwa, akifanya vibarua vya ujenzi. Akiwa na miaka 28 hakuwa na makazi, akitangatanga Uskoti. Akiwa na miaka 42 alikuwa diwani katika mtaa wa Hackney, London. Hebu niambie asubuhi ya nyota hiyo ilionyesha nini. Furaha yake ya miaka 7 haikuficha huzuni ya miaka 28, na huzuni ile haikuutangaza udiwani. Kila kituo kilikuwa na ukweli wake, nacho kilimalizika. Jambo la kuangaliwa zaidi ni hili: aliyempa hifadhi alipohamia London alikuwa mshiriki mwenzake wa filamu hiyohiyo, mtoto ambaye mwaka 1964 alisema angependa kwenda Afrika kuwafundisha wasiostaarabika kuwa watu wema. (Msomaji wa huku aruhusiwe kucheka. Mtoto alikuwa akirudia alichosikia kwa wakubwa. Baba yake mzazi alikuwa Rhodesia, na hamu yake kubwa, alisema, ilikuwa kumwona.) Afrika hakuja kufundisha. Alikwenda Bangladesh, akarudi kufundisha mashariki mwa London.

Waingereza hawakuwa peke yao. Mwezi uleule wa Agosti 1961 ukuta ulipoanza kujengwa Berlin, studio ya serikali ya Ujerumani Mashariki, DEFA, ilimtuma mwongozaji Winfried Junge katika kijiji cha Golzow, karibu na mpaka wa Poland, akawapige picha watoto wanaoanza darasa la kwanza. Huko methali ya samaki ndiyo iliyotawala: taifa la kijamaa litamkunja mtoto angali mbichi, na kamera itashuhudia binadamu mpya akikua. Junge, baadaye akisaidiana na mkewe Barbara, aliendelea hadi mwaka 2007, akiandama maisha ya watu 18. Katikati ya kazi, mwaka 1990, nchi iliyoagiza filamu ikafutika kwenye ramani. Watoto wa Golzow, sasa watu wazima wenye rehani, talaka na viwanda vilivyofungwa, walibaki. Sijui mfano mwingine ambamo anayetabiriwa ameishi kuliko mtabiri kwa namna ya wazi hivyo. Thamani ya kazi ya Junge leo haimo katika swali lililomtuma kijijini. Imo katika ukaidi wake wa kuendelea kwenda baada ya swali kufa.

Afrika Kusini nako, mwaka 1992, utawala wa ubaguzi ukiwa unakata roho, Angus Gibson alianza kuwafuata watoto wa miaka 7 kwa mtindo wa Apted. Swali lilikuwa zito na la haki: nchi mpya itawafanya nini hawa? Baadhi yao walifariki kabla ya kufika miaka 28. Swali la ukikua utakuwa nani lina sharti ambalo halitamkwi kamwe, kwamba utakua. Aliyefariki akiwa kijana si utabiri uliokatika njiani. Alikuwa mtu kamili akiwa na miaka 7, na picha zake za siku ile zina deni la kutazamwa kama picha za mtu, hata kama hakuna sura ya pili ya kuzifungia.

Sasa niiseme ile njia nyingine. Karibu na mwaka 1960 kamera za milimita 16 zilikuwa nyepesi kiasi cha kubebwa begani, na sauti ikaweza kunaswa papo hapo sambamba na picha. Marekani walikuwepo akina Robert Drew, walioshika imani kwamba mpiga picha anyamaze na kutazama. Frederick Wiseman, katika High School ya 1968, aliingia katika shule moja ya sekondari ya Philadelphia na kutoka na filamu isiyo na mahojiano wala msimulizi. Ila mfano wangu ni wa Ufaransa, na ni wa baadaye: Être et avoir ya Nicolas Philibert, iliyotoka mwaka 2002. Kati ya Desemba 2000 na Juni 2001 Philibert na timu yake ndogo walikuwa wageni wa shule ya chumba kimoja huko Saint-Étienne-sur-Usson, kijiji cha mkoa wa Auvergne, ambako mwalimu mmoja, Georges Lopez, aliyekuwa akikaribia kustaafu, aliwafundisha watoto 13, wa miaka 4 hadi 11, wote pamoja. Walirekodi saa zipatazo 60. Filamu ina dakika 104.

Jina lake ni vitenzi viwili ambavyo kila mtoto wa Kifaransa huanza kuvinyambua ubaoni, na ukijaribu kuvitia katika Kiswahili unapata shida tamu: kuwa, na kuwa na. Wao wana maneno mawili yasiyojuana; sisi tuna moja na kiunganishi, kwa sababu kwetu kumiliki kitu ni kuwa pamoja nacho. Lugha yetu, kwa bahati, imeieleza filamu hiyo kuliko lugha iliyoitengeneza. Philibert ni mtu aliyekuwa na watoto, kwa maana zote. Kobe wanatambaa sakafuni. Nje theluji inapeperuka juu ya ng'ombe. Watoto wawili wadogo wanahangaika na mashine ya kutoa nakala, kitabu hakikai sawa, wala hakuna mkubwa anayekuja kuwaokoa. Mvulana mmoja anafanya hesabu za kuzidisha nyumbani, mama anakuja kumsaidia, kisha mwingine, na mwingine, mpaka ukoo mzima umeinama juu ya daftari wakibishana kuhusu nambari ya kushikilia kichwani. Wavulana wawili wakubwa wamepigana. Mwalimu anawaketisha, anauliza, ananyamaza, anauliza tena, na ukimya wao unaachwa urefuke kama ukimya wa kweli unavyorefuka. Mmoja wa wavulana hao ana baba mgonjwa, mwalimu anamuuliza hali ya baba, machozi yanatoka.

Angalia ambacho hakimo. Hakuna sauti inayotuambia kwamba kijiji hiki kinapoteza watu, wala kwamba mtoto wa mkulima ana nafasi ndogo ya kufika chuo kikuu. Hakuna anayemuuliza yule wa hesabu kama atarithi ng'ombe. Kwa hiyo tunalazimika kufanya jambo ambalo wakubwa hulifanya kwa nadra, yaani kuichukulia shida ya mtoto kwa ukubwa ule ule anaouona yeye. Kuzidisha ni kugumu, karatasi haitoki kwenye mashine, rafiki amenipiga. Hayo yote yanatokea leo, kwa mtu aliyepo leo. Kati ya Wafaransa takriban milioni 1.8 waliokwenda kuiona sinema, nina hakika wengi walitoka wakiwa wamekumbuka kitu ambacho hakuna takwimu inayokikumbusha, kwamba mtoto hana hisia ya kuwa ameanza safari. Yeye ameshafika.

Nasikia pingamizi, na la kwanza ni la wataalamu wa filamu: kunyamaza nako ni kusema. Aliyekata saa 60 akabakiza dakika 104 amechagua kama Apted alivyochagua, na kamera iliyosimama kwenye kona ya darasa hakuna mtoto anayeisahau moja kwa moja. Tena Philibert mwenyewe aliivunja kanuni mara moja, alipomwacha Lopez asimulie mbele ya kamera habari za baba yake, kibarua wa mashambani aliyetoka Hispania. Nakubali yote hayo. Sidai kwamba kutazama ni kutochagua. Nadai kwamba kuna tofauti kati ya kuchagua tukio kwa sababu lilikuwa zito lilipotokea na kulichagua kwa sababu ya lililokuja kutokea miaka 20 baadaye. Philibert alipokaa kuhariri hakujua watoto wale wangekuwa nani. Ujinga huo ulimkinga.

Pingamizi la pili ni zito zaidi, na limetoka Afrika. Mwaka 1965, katika mjadala uliopata umaarufu, Ousmane Sembène wa Senegal alimwambia uso kwa uso Jean Rouch, Mfaransa aliyepiga filamu nyingi Niger na kwingineko Afrika Magharibi, kwamba anawatazama Waafrika kama wadudu. Neno hilo linapaswa kumsumbua kila anayesifu kamera inayonyamaza. Mwanasayansi aliyeinamia kisuguu naye ana subira, naye haingilii. Chukua Bébés ya Thomas Balmès ya mwaka 2010, iliyofuata watoto wachanga wanne katika mwaka wao wa kwanza: mmoja wa jamii ya Wahimba huko Namibia, mmoja Mongolia, mmoja Tokyo, mmoja San Francisco. Msimulizi hakuna, maelezo hakuna. Na bado mtazamaji wa Ulaya anapomwona mtoto wa Namibia akigaagaa vumbini kisha yule wa San Francisco akiwa kwenye darasa la watoto na wazazi, anajisimulia mwenyewe, na simulizi lake limeshaandikwa zamani: hawa ni maskini wenye furaha, hawa ni matajiri wenye wasiwasi. Ukimya wa filamu umemwachia uwanja.

Lakini hapa tatizo ni mpangilio. Balmès amewaweka wachanga wanne sambamba kama sampuli nne, na ukishaweka sampuli umeshamgeuza kila mmoja kuwa dalili. Safari hii si dalili ya mtu mzima bali ya bara. Sembène alikuwa na haki, na haki yake inaangukia hapohapo: mdudu ni kiumbe unayemtazama ili ujue jambo jingine, juu ya spishi yake, juu ya asili, juu yako. Watoto wa Auvergne wanasalimika kwa sababu ndani ya filamu yumo mtu mzima anayewasikiliza kwa dakika nyingi mfululizo, na sisi tunajifunza kusikiliza kutoka kwake. Kama filamu ya namna hiyo ingepigwa katika darasa la Namtumbo au Turkana na mtu anayeielewa lugha ya darasa, sioni kwa nini isifanikiwe vilevile. Kinachokosekana mara nyingi si kamera. Ni miezi.

Kuna wanaosema, tatu, kwamba anayeacha kuuliza kuhusu kesho ameacha kuuliza kuhusu haki. Apted aliwakera watu wa tabaka la juu. Philibert aliwapendeza wote. Hili nalikubali nusu. Bila sofa ile ya 1964 Uingereza ingekosa kioo kimoja muhimu, na kutaka kila filamu iwe na kobe na theluji ni kutaka starehe. Ila dhuluma haisubiri kesho ili ionekane. Ukitaka kuonyesha kwamba watoto 90 wanabanana katika chumba kimoja na wengine 20 wana chumba na bustani, washa kamera Jumatatu asubuhi. Huna haja ya kumngojea mmoja wao afeli maisha ndipo uwe na ushahidi. Tena hoja ya utabiri huwaumiza wanyonge kwa namna ya pekee. Mtoto wa tajiri akipotoka, filamu humwita wa ajabu. Mtoto wa fukara akifaulu, naye huitwa wa ajabu. Wakienda walikotabiriwa, wote wawili huitwa mfano. Wasichana wanne wa Apted waliulizwa kuhusu ndoa na uzazi mpaka walipochoka, na mwaka 2005 mmoja wao, akiwa na miaka 49, alimgeukia mwongozaji kamera ikiwa inazunguka akamwambia wazi kwamba amemhariri vibaya. Apted alikiacha kipande hicho ndani ya filamu. Ni miongoni mwa dakika bora za mfululizo mzima, kwa kuwa hapo dalili ilifungua mdomo.

Imebaki gharama, na hapa njia ninayoitetea nayo haina usafi wa kujivunia. Baada ya filamu kufanikiwa, mwaka 2003, mwalimu Lopez aliwashtaki watengenezaji akidai euro 250,000, kwa hoja ya haki juu ya sura yake na juu ya masomo aliyoyafundisha. Alishindwa mwaka 2004, akashindwa tena kwenye rufaa mwaka 2006. Baadhi ya familia nazo zilidai. Waliokuwa wamelia mbele ya picha wakaanza kuona hesabu. Kwa upande wa Waingereza, mmoja wa washiriki, aliyekuwa mwalimu, aliposema mwaka 1984 maneno makali juu ya serikali ya wakati huo, magazeti yalimshambulia kiasi kwamba hakuonekana tena kwa miaka 28. Lakini alikuwa mtu mzima alipoyasema, angalau. Sahihi iliyomwingiza kwenye jambo lote alipokuwa na miaka 7 haikuwa yake. Mtoto haulizwi, akiulizwa, hana namna ya kujua anaulizwa nini, maana anayetakiwa kuridhia ni mtu mzima ambaye bado hayupo. Ndiyo maana nimewaacha bila majina. Kama hoja yangu ni kwamba mtoto si mali ya mtu mzima atakayekuwa, basi na mtu mzima naye asifungwe milele kwenye jina la mtoto aliyekuwa.

Na shauri hili halikubaki kwa waongozaji wa filamu. Septemba 2023 Ofisi ya Kamishna wa Ulinzi wa Data nchini Kenya iliitoza shule moja faini ya shilingi 4,550,000 kwa kuchapisha picha za wanafunzi bila idhini ya wazazi. Kwa sheria, anayetoa idhini ni mzazi. Lakini anayepiga picha nyingi kuliko wote ni mzazi mwenyewe. Mahafali ya chekechea siku hizi yana majoho, kofia za pembe nne na mstari wa simu zilizoinuliwa. Mtoto anaitwa mbele, anapewa kipaza sauti, anaulizwa swali lilelile la 1964, ukikua unataka kuwa nani, naye anajibu rubani au daktari kama alivyofunzwa wiki nzima. Makofi yanapigwa, simu zinashushwa, video inatumwa kwenye kundi la familia. Na pale nyuma ya viti, wakati mgeni rasmi ameanza hotuba, rubani amekwishaketi chini, kofia iko mapajani, na anauchomoa uzi mmoja mmoja wa kile kishada chake kuona zipo ngapi.